Tulivyotembea Roma Ndani ya Msonge

Kwanza ilikuwa fimbo. Ko, ko, ko, mara tatu kwenye nguzo, upande wa pili wa ukuta wa matete. Kisha mtu akakohoa kidogo, kama anayebisha hodi ndani ya nyumba yake mwenyewe. Mwenye fimbo nilikuwa sijamwona bado. Ilikuwa siku yetu ya sita katika msonge ule, nyumba ya duara ya nyasi, na macho yangu yalikuwa yamejifunza kuona vitu vitatu tu: makaa ya moto, mng'ao wa mtungi wa maji, na meno ya dada yangu Paskazia aliponitabasamia ili nisilie.

"Mtoto," sauti ikasema. "Umelala?"

Dada alinifinya. "Jibu wewe," akanong'ona. "Mimi siruhusiwi."

"Sijalala, Tata," nikasema, maana kwetu baba huitwa hivyo. "Shikamoo."

"Marahaba. Simama basi. Leo nakupeleka Roma."

"Sasa hivi? Mvua inanyesha."

"Huko hainyeshi. Tanguliza mguu wa kulia."

Mwezi uliopita tumemzika mwenye sauti hiyo. Nilifika Nyakatuntu nimechelewa, nikaketi na wanawake juu ya nyasi zilizotandikwa uani, na harufu ya nyasi zile, zilizokatwa asubuhi hiyo zikiwa na umande, ikanipanda puani kwa nguvu hata nikashika ardhi kwa mkono. Mzee mmoja wa parokia alisimama kumsifu marehemu. Alisema kwamba Katekista wetu, maana hakuna aliyemwita kwa jina lingine, alikuwa mtu wa kwanza wa upande huu kuvuka bahari kwenda kuhiji katika mwaka mtakatifu, na kwamba aliitembea Roma yote kwa miguu yake, mtaa kwa mtaa, akarudi na hesabu ya hatua kichwani. Watu wakaitikia. Mimi niliinamisha uso. Katika umati ule wote nilikuwa peke yangu niliyejua alitembeaje.

Nilikuwa na miaka saba Paskazia alipoolewa. Kwetu mugole, yaani bibi harusi, hapelekwi peke yake. Hufuatana na mtoto wa kike wa nyumbani kwao, wa kula naye na kulala naye, ili awe na mtu wa kunong'onezana naye huko ugenini. Nilichaguliwa mimi kwa sababu meno yangu ya mbele yalikuwa yameng'oka. Bibi yetu alisema mtoto mwenye pengo hawezi kutoa siri, itateleza na mate tu. Tukatembea siku mbili kutoka Kanoni, dada akiwa amefunikwa kitambaa toka kichwani mpaka magotini, mimi nikiwa nimeshika pindo lake, tukaingia katika mlango wa msonge ule jioni, na mlango ukawa umetumeza.

Desturi yenyewe naijua leo vizuri kuliko nilivyoijua siku zile. Mugole hukaa ndani. Haoni jua, hashiki jembe, hamenyi hata ndizi. Anakunywa maziwa, anapakwa samli, ananenepa na kung'aa, mpaka siku mumewe anapomshika mkono na kumtoa nje akiwa na nguo mpya, watu wakashangilia, kisha akapelekwa kwao kusalimia. Hatolewi na mtu mwingine yeyote. Na muda wote huo, na hata baada yake, haonani na baba mkwe. Hamtazami, hamtaji, hasemi naye. Wakikutana njiani kwa bahati mbaya, mmoja huingia migombani.

Wengi waliyapitia hayo kwa mwezi mmoja au miwili, wakayakumbuka baadaye kama mapumziko pekee waliyowahi kupata maishani. Lakini shemeji yangu Deo, mume wa dada, alikaa siku nne tu. Siku ya tano alivaa koti lake, akasema kuna kazi ya lori la kahawa inamngoja Uganda, akavuka mpaka pale Murongo. Alisema atarudi kabla ya senene, wale panzi watamu wa msimu wa mvua, kuanguka.

Mama mkwe alikuwa mwanamke mrefu, mwenye mikono isiyotulia, na hakuwa na ubaya. Nataka hilo lieleweke. Alituletea maziwa kabla hajanywa yeye. Alikagua mikono ya dada kila asubuhi kama mtu anayekagua mkungu wa ndizi kuona umekomaa kiasi gani. "Mimi nilikaa humu humu miezi minane," alituambia. "Nilitoka nimenenepa hata mlango ukanikataa, ikabidi nitoke kiubavu. Ninyi watoto wa siku hizi mnataka kutoka kabla ya kuingia."

Msonge wenyewe ulikuwa mkubwa na wa zamani. Katekista angeweza kujenga nyumba ya bati, lakini mama mkwe alisema bati linapiga kelele mvua ikinyesha na hatamsikia Mungu. Ukuta wa matete uliukata msonge katikati. Mbele, palipokuwa na mlango mkubwa, ndipo alipokaa mzee, baba mkwe mwenyewe. Nyuma, penye moto na mtungi na mbuzi wawili waliofungwa kwenye nguzo, ndipo tulipokaa sisi. Nyuma yetu kulikuwa na mlango mdogo wa mbao wa kutokea migombani, ambao mama mkwe aliupitia mara kumi kwa siku. Sisi tuliutazama.

Roma ilianzia penye moto. Moto ulikuwa chemchemi. "Kuna samaki wa mawe," sauti ilisema, "wanatema maji usiku na mchana wala hawachoki. Uko hapo? Nawa uso. Sasa geukia mbuzi, hatua kumi na tano."

Mbuzi walikuwa uwanja wa simba, mahali ambapo Wakristo wa kwanza waliliwa. Sasa, alisema, wanakaa paka tu, wamenona, wanaota jua juu ya mawe. Nikahesabu. Kumi na tano zilinipitisha mbuzi nikagonga ukuta.

"Tata, Roma imekwisha."

Kicheko kikatoka upande wa pili, kikavu, kikaishia kwenye kikohozi. "Hatua zako ni kubwa. Zipunguze. Unatembea mjini, hufukuzi nyani."

Hivyo nikajifunza hatua za Roma, kisigino kikigusa kidole, na nyumba ile ikawa kubwa kuliko dunia. Kutoka kwa simba tulikwenda mtungini, uliokuwa mto. Juu ya mto kulikuwa na daraja lenye malaika kumi wa mawe, kila mmoja amebeba kitu cha mateso ya Bwana, huyu misumari, huyu taji la miiba, huyu sponji. Nilisimama pembeni ya mtungi nikawa malaika wa misumari. Ng'ambo ya mto kulikuwa na uwanja mkubwa uliokumbatiwa na nguzo safu nne. Sisi tulikuwa na nguzo nne, na hilo lilinitosha kuamini kwamba hatudanganywi.

Dada alikuwa analala kando ya ukuta, anasikiliza. Siku ya tatu au ya nne ya matembezi alininong'oneza: "Muulize hilo kanisa la duara alilolitaja jana lina paa la nini."

"Tata, anauliza paa la nini."

"Mwambie la mawe. Ni la duara kama msonge huu, lakini juu kabisa wameacha tundu. Mvua ikinyesha inaingia ndani."

"Anasema la mawe, na juu kuna tundu."

"Nimesikia," dada akanong'ona. "Muulize Wazungu hawana fundi wa kuezeka?"

"Tata, anauliza Wazungu hawana..."

"Nimesikia na mimi." Akacheka tena. "Mwambie nilijiuliza vilevile. Wamekaa nalo miaka elfu mbili bila kupata nyasi."

Wote wawili walisikiana vizuri sana. Ukuta wa matete ulikuwa mwembamba hata nilinusa kahawa aliyotafuna, zile punje zilizochemshwa na kukaushwa na maganda yake ambazo wazee wetu humpa mgeni kabla ya neno lolote. Lakini neno lilipaswa kupita kwangu, na nikawa nalibeba kutoka kwa huyu kwenda kwa yule kama mtu anayevusha maji ya mto kwa kiganja. Katika maisha yangu sijawahi tena kuwa mtu wa lazima kiasi kile.

Mama mkwe hakupenda. Aliingia siku moja na beseni la ndizi akanikuta naenda kisigino kwa kidole, mikono imenyooka kama mabawa.

"Unafanya nini wewe?"

"Niko darajani, Mawe." Ndivyo tunavyomwita mama kwetu.

"Darajani." Akaugeukia ukuta. "Umemaliza kuichosha parokia nzima na Roma yako, sasa unachosha mtoto?"

"Anajifunza dini," sauti ikasema.

"Anakonda. Mtoto wa watu atarudi kwao miguu kama korongo, waseme tulimnyima chakula." Kisha akamtazama dada, na sauti yake ikashuka. "Na wewe usijaribu. Mugole akitembea, maziwa yote yanaishia miguuni."

Jioni hiyohiyo dada alijaribu. Mama mkwe alikuwa kisimani. Fimbo iligonga, nikasimama penye chemchemi, na nikahisi mkono umeshika bega langu. Paskazia alikuwa amesimama. Alikuwa mzito, mwenye kung'aa kwa samli, na magoti yake yalitetemeka kama ya ndama. Tulitembea pamoja, mimi mbele yeye nyuma, kisigino kwa kidole, kutoka kwa moto hadi kwa simba. Nyasi za sakafuni zilisema chwa, chwa, chwa, miguu minne badala ya miwili.

Mzee alikuwa amesikia. Nilisubiri aite mkewe, maana hata mimi nilijua kwamba mugole anayetembea mbele ya masikio ya mkwewe ni jambo la aibu. Kisha akakohoa.

"Mkifika hapo kwa simba," akasema, "pumzikeni kidogo. Jua la huko ni kali. Kuna kivuli upande wa kushoto."

Kabla ya hapo alikuwa akisema *ukifika* na *pumzika*. Hakurudi tena kwenye umoja.

Senene walianguka. Tuliwasikia. Mtu ambaye hajawahi kufungiwa ndani msimu wa senene hajui kufungwa ni nini. Asubuhi na mapema watoto wa kijiji kizima walikuwa nje, wanapiga kelele, wanakimbizana kwenye majani, "Huyu wangu! Huyu wangu!", na sisi tulikuwa nyuma ya mlango, tumeketi kwenye giza, tukipewa senene waliokwisha kukaangwa, ndani ya bakuli, kama wagonjwa. Nilikula nikilia. Chumvi sikujua ni ya senene au ni ya machozi.

Deo hakuja na senene. Hakuja na mvua zilizofuata. Mtu aliyepita na mzigo kutoka Murongo aliketi mbele na Katekista, akatafuna kahawa, akashusha sauti, lakini ukuta ule haukujua siri. Deo alikuwa Masaka. Alikuwa na lori. Alikuwa na nyumba ya kupanga, na ndani ya nyumba kulikuwa na mwanamke na mtoto mchanga. Alisema salamu kwa wote, na kwamba atakuja mambo yakitengemaa.

Dada alikuwa ananisuka. Vidole vyake vilisimama, kisha vikaendelea, na nywele zile alizozisuka zikaniuma wiki nzima.

"Sasa utatoka?" nilimuuliza usiku tulipojifunika.

"Nani anitoe?"

"Tujitoe."

"Mugole anayejitoa amejifukuza. Lala."

Asubuhi mama mkwe aliingia akakaa chini, jambo ambalo hakuwa na desturi nalo. Macho yake yalikuwa yamevimba. Akamshika dada mkono, akaupapasa toka begani mpaka kwenye vidole. "Atakuja," akasema. "Ni mwanangu, namjua. Ukitoka kabla hajakutoa, akirudi hatakuwa na mke, atakuwa na mtu aliyetoroka. Vumilia, mwanangu. Vumilia." Akaagiza tuongezewe maziwa.

Ni katika siku hizo Katekista alitufikisha kwenye Mlango. Tulikuwa tumelizunguka lile kanisa kubwa mara nyingi, tumebusu mguu wa sanamu uliolika kwa midomo ya watu, tumepanda ngazi. Siku hiyo alisema kuna mlango mmoja pembeni, si mkubwa kuliko mingine, lakini umejengewa matofali. Haufunguliwi hovyo. Unafunguliwa mara moja tu katika miaka ishirini na mitano, mwaka mtakatifu ukifika. Baba Mtakatifu mwenyewe anakuja na nyundo, anagonga mara tatu, ukuta unaanguka, watu wanapita na dhambi zao zinabaki nje. Mwaka ukiisha, unajengewa tena.

"Ko, ko, ko," akasema, na akagonga nguzo.

Mimi sikutembea tena siku hiyo. Nilikaa chini nikatazama mlango wetu mdogo wa mbao. Nilikuwa nimejiuliza kwa muda mrefu kwa nini hakuna anayetuambia siku ya kutoka, na sasa nilikuwa nimeelewa. Mlango mtakatifu, mugole mtakatifu. Anakuja mwenye mamlaka, anagonga, anatoa. Asipokuja, ni miaka ishirini na mitano. Nilihesabu vidole vya mikono yangu, vikaisha, nikahesabu vya miguu, vikaisha, nikaazima mkono wa kushoto wa dada nikaumaliza.

"Unahesabu nini?" akauliza.

Badala ya kumjibu nilikwenda mpaka kwenye ukuta wa matete, nikaweka mdomo kwenye upenyo.

"Tata. Na sisi tumebakiza mingapi?"

"Mingapi nini, mtoto?"

"Miaka. Senene wameshapita mara moja. Nitakapotoka nitakuwa mzee?"

Nilisikia fimbo ikiburutwa, mlango mkubwa ukifunguka, hatua zikienda nje katika manyunyu. Siku mbili hakugonga nguzo. Siku mbili Roma ilifungwa, na mimi niliamini nimeivunja.

Aligonga siku ya tatu, mchana. Mama mkwe alikuwa ameenda kuhani msiba wa jirani. Aligonga mara moja tu.

"Mtoto, usisimame leo. Kaa. Mwambie na aliye karibu nawe akae."

"Ameketi, Tata."

"Nitasema jambo, na ukiwa mkubwa utafanya nalo upendavyo." Nikamsikia akitema ganda la kahawa. "Mimi Roma sikuitembea."

Dada aliinua kichwa.

Alisema homa ilimshika melini. Walipofika alibebwa na watu wawili mpaka katika nyumba ya mahujaji, akalazwa kwenye chumba chenye kitanda, kiti na dirisha lililotazama ukuta wa nyumba nyingine. Siku ishirini. Wenzake walitoka kila asubuhi kwa mstari wakiimba, wakarudi jioni miguu imevimba. Kulikuwa na mzee mmoja wa Buddu, Mganda, aliyekuwa akiogopa kupotea, kwa hiyo alihesabu hatua za kila mahali. Jioni aliketi kwenye kile kiti akamtembeza. Chemchemi, hatua kadhaa. Simba, kushoto. Daraja. Walielewana kwa nusu ya maneno, lakini namba ni namba.

"Niliporudi, watu walinipokea kuanzia barabarani kwa nyimbo. Wakasema, tuambie. Nikawaambia ya yule mzee. Ningesema nini? Parokia nzima ilikuwa imenipeleka."

"Tata," nikasema, "kwa hiyo simba hawapo?"

"Wapo. Kila kitu kipo. Asiyekuwapo ni mimi." Akatema ganda jingine. "Lakini hilo silo ninalotaka kusema. Siku tatu za mwisho nilikuwa nimepona. Nilisimama. Nilikwenda mpaka mlangoni nikashika komeo. Haukuwa na kufuli. Hakuna aliyekuwa amenikataza. Nikajiuliza, nimwombe nani ruhusa? Nikarudi kitandani nikangoja mtu aje anitoe. Mwambie hivyo, mtoto. Mwambie nilivuka bahari nzima, nikangoja mlangoni, na hakuja mtu."

Niligeuka ili nimwambie. Paskazia alikuwa analia bila sauti, na kwa mara ya kwanza tangu tufike, alijibu mwenyewe. Hakunong'ona wala hakunipitishia mimi.

"Nimesikia, Tata."

Sijui kama msomaji wa leo ataelewa uzito wa maneno hayo mawili. Ndani ya nyumba ile yalikuwa kama nguzo imeanguka. Katekista akasema taratibu, "Mlango wa hapo nyuma aliutengeneza fundi wa misheni. Nao hauna kufuli. Una kipande cha mti tu."

Nitatanguliza yaliyofuata baadaye, maana nataka kumalizia pale ninapopaona hata sasa nikifumba macho. Siku nne baada ya dada kutoka, Katekista alinishika mkono akanipeleka Kanoni yeye mwenyewe, kifua kikimlia njia nzima, na kibuyu cha rubisi, pombe ya ndizi, begani. Baba yangu alikuwa amekaa na ndugu zake wenye nyuso nzito, wakijadili kama Paskazia, aliyewafikia kabla yetu, arudishwe. Mzee akapiga magoti mbele yao, mtu mzima vile. "Msimlaumu," akasema. "Mimi ndiye niliyemtoa." Baba mkwe kumtoa mugole nje! Baba mdogo aliangua kicheko kwanza, kwa jinsi lilivyokuwa jambo lisilowezekana, kisha akaona mzee hainuki. Aibu hiyo Katekista aliivaa mpaka kaburini. Watu walisema homa ya Roma ilimpanda kichwani. Mama mkwe alihama akalala nyumba ya dada yake mwaka mzima. Na Paskazia aliachwa akae, na baadaye masista walimchukua hospitalini kwao, kwanza kufua mashuka, kisha kuzalisha. Watoto wengi wa upande wetu mikono yake ndiyo iliyowapokea duniani. Alifariki kabla ya mzee. Deo alirudi, ana mvi, alikuwa msibani, alinipa mkono.

Lakini siku yenyewe ilikuwa asubuhi ya kawaida, yenye jua. Mama mkwe alikuwa mbele uani na majirani wawili, wanamenya ndizi, wanacheka jambo. Fimbo ikagonga. Ko, ko, ko.

"Tuko chemchemi?" sauti ikauliza, kwa nguvu, ili hata uani isikike.

"Tuko, Tata."

Huko nje jirani mmoja akasema, "Wameanza misa yao," nao wakacheka tena.

Dada alikuwa amevaa nguo aliyokuja nayo. Ilimbana. Alikuwa amenieleza usiku, mdomo sikioni, kwamba mama mkwe huniita kila mara kwa maji, kwa kijiko, kwa kuni, na nisipoitika watajua kabla dada hajafika hata bondeni. Kwa hiyo nibaki. Kwamba mimi si mugole, mimi ni mtoto, na mtoto hafungwi. Nilimwambia sawa. Sikuwa nimekubali. Nilikuwa na miaka saba, na mtu pekee niliyekuwa naye katika nchi ile alikuwa ananiambia kwamba nina kazi ya kubaki.

"Kutoka hapo," Katekista akasema, "msiende kwa simba leo. Geukeni. Kuna njia ambayo sijawahi kuwapitisha. Hatua kumi na mbili."

Tulitembea, mimi mbele, mkono wa dada begani kwangu. Moja, mbili. Nilizifupisha hatua zangu kadiri nilivyoweza, kisigino juu ya kidole, ili kumi na mbili ziwe nyingi. Mbuzi walitutazama. Saba, nane. Mkono wake ulikuwa na harufu ya samli na moshi. Kumi. Kumi na moja. Nilisimama. Sikutaka kuinua mguu.

"Mmefika?" mzee akauliza.

"Bado moja, Tata."

Akasubiri. Hakunihimiza. Uani kisu kilikuwa kinamenya ndizi, shwa, shwa.

"Imalize, mtoto," akasema hatimaye, chini kabisa, na sauti yake haikuwa ya Roma tena.

Nikaimaliza. Dada akainama akaweka shavu lake juu ya kichwa changu, kwenye misuko aliyoisuka yeye, kisha akasukuma kile kipande cha mti. Mwanga ukaingia kama maji. Niliona uso wake wote kwa mara ya kwanza baada ya miezi mingi. Ulikuwa umebadilika, mpana, mweupe kwa kukosa jua, na machozi yalikuwa yameukata katikati. Akafumba macho, akayafumbua, akakanyaga nje. Majani ya mgomba yalimpokea, akawa mgongo, akawa pindo la nguo, akawa majani yanayotikisika.

"Endelea kutembea, mtoto," sauti ikasema nyuma yangu. "Kanyaga kwa uzito. Kanyaga kwa wawili."

Kwanza nikashika mbao kwa mikono yote miwili, nikaufunga mlango.